Kigari cha Theluji Kwenye Mawe Makavu

Jumapili ile soko la samaki la Altona lilikuwa limefurika watu hadi ukingoni mwa mto. Mvua nyepesi ilikuwa ikinyesha, ile mvua ya Hamburg isiyomzuia mtu kutoka nyumbani na isiyomwacha afurahi akishatoka. Wachuuzi walisimama juu ya magari yao wakiwatukana wateja, na wateja walikuwa wameamka alfajiri ili watukanwe.

Almut Siemsen alisimama mbele ya gari la muuza mikunga, wale samaki warefu kama nyoka. Alivaa koti la mvua la rangi ya mchanga, mkanda wake umefungwa fundo kama kamba ya mbuzi, kitambaa cha kijani kichwani, na viatu vizito vya kiume. Hakuja kununua. Kazi yake ilikuwa kuandika filamu za hali halisi kwa ajili ya televisheni. Alikuwa ameshaandika juu ya wanawake waliookota matofali ya miji iliyobomolewa, juu ya wafungwa waliorudi kutoka Urusi na kukuta wake zao wameolewa, na juu ya jeshi jipya lililoundwa na majenerali wale wale. Aliamini kwamba nchi iliyojifunza kunyamaza majumbani mwake bado huropoka sokoni, na kila Jumapili alikuja kutega sikio.

"Dada wa koti," muuza mikunga akaita, "umesimama hapo tangu Nuhu ashuke safinani. Unanunua au unanipima suti?"

"Nasikiliza tu."

"Kusikiliza bure, kunusa kwa malipo. Haya, huyu mkunga ndiye wa mwisho. Amekaa kwenye moshi usiku kucha, mnene kama diwani. Nani wake?"

Almut aliona aibu, akanyoosha mkono. Wakati huo huo mkono mwingine ulinyooka juu ya bega lake. Ulikuwa mkono wa mwanamume mrefu mwenye sweta la bluu, miwani imelowa mvua, nywele za rangi ya majani makavu.

"Mwachie dada," mwanamume akasema, kisha akasita. "Ila mama ndiye aliyeniagiza."

"Mama," muuza mikunga akarudia kwa sauti iliyofika meli za upande wa pili. "Jamani, mwoneni. Ndevu anazo na bado anatumwa dukani. Sikilizeni nyie wawili, dawa yenu ni moja. Oaneni, mle sahani moja."

Watu walicheka. Mchuuzi akamkata mkunga katikati, akawafungia kila mmoja nusu yake katika gazeti. Mwanamume akapata kichwa.

"Nimepata upande unaofikiri," akamwambia Almut walipokuwa wakijitoa kwenye umati.

"Na mimi nimepata upande unaokimbia. Twende tukanywe kahawa kabla sijakimbia."

Alikuwa akiitwa Eggert Wiebusch, umri miaka thelathini, mwalimu wa historia katika shule ya wavulana. Walisimama kwenye kibanda cha kahawa, mvuke wa vikombe ukipanda hadi kwenye miwani yake.

"Historia ipi?" Almut akauliza.

"Kuanzia Warumi."

"Mpaka wapi?"

"Mpaka Kaisari wetu wa mwisho wa Ujerumani. Nikifika hapo, mwaka wa shule unaisha."

"Kila mwaka?"

"Kila mwaka. Sijui inakuwaje."

"Inakuwa vizuri sana. Ratiba yenu imetengenezwa na fundi. Manazi hamwafikii kamwe."

Eggert alicheka, lakini alikunjua na kukunja gazeti la mkunga mara kadhaa. Hakuna mtu aliyekuwa amemwambia jambo hilo, na alikuwa akilijua.

Almut alimweleza kazi aliyokuwa nayo. Alitaka kutengeneza filamu kutokana na mikanda ya nyumbani tu, ile ambayo akina baba wenye kamera ndogo waliipiga miaka ya Manazi, kabla ya mabomu. Krismasi, siku za kuzaliwa, watoto wakila keki.

"Keki zina nini?" Eggert akauliza.

"Keki haina kitu. Ila nyuma ya keki kuna dirisha, na nje ya dirisha kuna barabara."

Eggert aliivua miwani, akaifuta mvuke. "Baba alikuwa na kamera. Alikwenda Urusi, hakurudi. Mikanda yake ipo kwenye kopo la biskuti kwa mama. Sijapata kuiona. Mashine ya kuionyeshea mama aliibadilisha kwa gunia la viazi mwaka arobaini na sita."

"Basi mimi ninayo mashine," Almut akasema, "na sihitaji viazi."

Hivyo ndivyo walivyoanza.

Almut alipanga chumba kwa Bi Kallmeyer, ambaye aliiweka simu ukumbini karibu na mlango wake ili neno lolote lisimpite. Kila jioni baada ya chakula ililia.

"Hajambo nusu yangu ya mkunga?"

"Ameliwa zamani. Alikuwa na chumvi nyingi, kama wewe."

"Umekula nini leo?"

"Maneno. Nimeandika ukurasa mzima nikaufuta."

"Nisomee huo uliofutwa."

"Bi Kallmeyer anasikiliza."

"Shikamoo, Bi Kallmeyer."

"Marahaba, mwalimu," sauti ikajibu kutoka nyuma ya mlango. "Na umwambie ajifunike shingo, anakohoa."

Walitembea kando ya ziwa la Alster mpaka majani yakaisha mitini. Walikwenda kucheza dansi kwenye ukumbi wa chini ya ardhi mtaa wa St. Pauli, ambapo vijana wenye nywele ndefu walipiga magitaa ya umeme, na Eggert, aliyevaa tai, alicheza kama mtu anayezima moto kwa miguu. Almut alimcheka hadi machozi yakamtoka. Alikuwa na miaka ishirini na nane na hakuwahi kuona faida ya mwanamume zaidi ya filamu. Sasa alianza kuiona.

Theluji ya kwanza iliwakuta bustanini. Watoto walikuwa wakiteleza kilimani na vigari vyao vya mbao visivyo na magurudumu.

"Nilikuwa nacho kimoja," Eggert akasema. "Kilichongwa kichwa cha kondoo dume mbele, pembe zake ndizo unazoshika. Hakuna mtoto mwingine wa mtaa wetu wa Eimsbüttel aliyekuwa na kama hicho. Baba alininunulia. Ndicho kitu pekee ninachokumbuka kutoka mkononi mwake."

"Kiko wapi sasa?"

"Kinaning'inia ukumbini kwa mama. Utakiona Jumapili."

"Jumapili kuna nini?"

"Kahawa. Mama amesema nisipokuleta, nisirudi na mimi."

Jumapili hiyo Almut alivaa gauni la sufu la rangi ya damu ya mzee, lenye kola nyeupe, alilolikopa kwa Trude Pagels, mkata filamu wa pale televisheni. Bi Wiebusch aliwapokea mlangoni. Alikuwa mwanamke mdogo wa miaka hamsini na minane, nywele nyeupe zimebanwa kwa pini, aproni iliyopigwa pasi.

"Karibu, mwanangu. Vua koti. Umekonda, hao wa televisheni hawakulishi?"

Kigari kilikuwa ukutani ukumbini, mbao zake zimepakwa nta, kondoo akiwatazama kwa macho ya mviringo.

"Hicho kinawasubiri wajukuu," Bi Wiebusch akasema, akampigapiga kondoo kichwani. "Na lile kabati litakuwa lako, wewe utakayemchukua huyu. Ni mti wa jozi mtupu. Tazama hizi zabibu zilizochongwa mlangoni."

Alitoa kabatini vikombe vya sherehe, vyembamba hivi kwamba mwanga ulipenya. Kulikuwa na keki ya siagi iliyotoka tanurini wakati ule, na krimu, na kahawa halisi. Almut, aliyekulia kambi ya wakimbizi akinywea kopo la bati, alikishika kikombe kwa mikono miwili. Kwa mara ya kwanza maishani alitamani kuwa mtu wa mahali fulani.

"Anataka mikanda ya baba," Eggert akasema.

"Aitumie kwa raha zake," mama akajibu bila kusita. Alipanda kiti mwenyewe, akashusha kopo la biskuti kutoka juu ya kabati. "Zilikuwa siku njema. Watu siku hizi wanataka tuseme hatukuwahi kucheka. Tulicheka, mwanangu. Onyesha tu tulivyocheka."

Na alisema kweli. Kwa moyo wake hakukuwa na kitu chochote ndani ya kopo lile cha kumficha mgeni.

Walipanga kuoana mwezi wa Juni. Eggert alimvisha pete mkono wa kushoto, kama wachumba wa kule wafanyavyo, ndani ya treni ya mjini, kati ya vituo viwili, kwa sababu alishindwa kungoja wafike walikokuwa wakienda. Mzee mmoja aliyeketi mkabala nao aliinua kofia.

Mwezi wa Februari zamu ya kopo la Wiebusch ilifika. Eggert aliomba kuwapo. Waliketi watatu mbele ya meza ya kukatia filamu, chumbani kwa Trude: Trude mwenyewe na sigara isiyowashwa mdomoni, Almut na penseli yake, Eggert katika koti lake la kufundishia. Pembeni kulikuwa na fremu ya chuma yenye misumari ambapo vipande vilivyokatwa huning'inizwa juu ya kikapu cha kitambaa. Wakataji wote waliiita mti wa kunyongea.

"Mwalimu," Trude akasema, "ukilia, lia upande ule. Machozi yanaharibu picha."

Baba alikuwa amepiga picha vizuri. Hapa mama kijana na kofia ya manyoya, anatoa ulimi. Hapa Eggert na keki, uso mzima krimu. Kisha theluji, barabara ile ile, nyumba zile zile. Mtoto wa kiume mwenye kofia nyeusi anapita mbio juu ya kigari, akishika pembe za kondoo, na Eggert mdogo anakimbia nyuma yake kwa miguu.

"Huyo nani?" Almut akauliza.

"Gerd," Eggert akasema polepole. "Gerd Elkan. Waliishi juu yetu. Nilikuwa nimemsahau kabisa."

"Na kigari?"

Eggert alisogea karibu na kioo.

Picha ikaruka. Miti ina machipukizi, jua linawaka. Barabarani mbele ya nyumba yao kumepangwa vitanda, taa, viti, masufuria, na watu wamejaa. Mwanamume mwenye rungu la mnada amesimama juu ya meza. Watu wanainua mikono. Mama kijana anafungua na kufunga mlango wa kabati lenye zabibu zilizochongwa, anageukia kamera, anacheka kwa furaha ya kweli. Kisha kamera inashuka. Eggert, miaka sita, suruali fupi, anavuta kigari chenye kichwa cha kondoo juu ya mawe ya barabara. Mawe makavu. Vyuma vya chini vinachubuka na mtoto anavuta kwa nguvu zake zote, anaanguka, anainuka, anapunga mkono kwa baba yake.

Mkanda ukaisha, ukapigapiga kwenye gurudumu hadi Trude alipoushika kwa kidole.

Hakuna aliyehitaji kuelezwa. Mji mzima ulikuwa na nyumba za namna hiyo: Wayahudi kama akina Elkan walipakiwa kwenye treni majira ya majani kupukutika, na majira ya machipuo vyombo vyao vikauzwa mlangoni kwa majirani.

"Nina somo saa nane," Eggert akasema. Alichukua kofia yake, akaisahau tena mezani, akaondoka.

Almut aliandika maneno ya kipande kile jioni hiyo hiyo. Kwa kawaida alifuta kurasa. Safari hii aliandika sentensi moja fupi, na hakuifuta: *Mwezi wa Aprili. Hakuna theluji.*

Bwana Rautenberg, mkuu wa idara, aliisoma akiwa amesimama, kisha akaketi. "Filamu yako hii hapa," akasema. "Kabla ya hapa ulikuwa unapika. Sasa umepakua."

Simu ililia siku ya tatu. Safari hii hakukuwa na mkunga wala chumvi.

"Almut."

"Nimekungoja."

"Kile kipande."

"Ndiyo."

"Mama ndiye mwenye televisheni kubwa pale. Wapangaji wote wa ngazi yetu watakuja kutazama kwake. Kwaya ya kanisa pia. Ameshawaalika. Anadhani ataonekana akitoa ulimi."

"Umemwambia kilichomo?"

"Nimemwambia. Amesema, tulinunua, hatukuiba, kila mtu alinunua. Kisha akakaa jikoni mpaka giza likaingia, bila taa." Eggert alivuta pumzi. "Atakufa kwa fedheha, Almut. Mbele ya majirani."

"Unaniomba nini?"

"Unajua."

"Nataka nikusikie."

"Ukitoe," akasema. "Sikuombi kama mwalimu. Nakuomba kama mtoto wake."

Nyuma ya mlango Bi Kallmeyer hakukohoa wala hakutikisika. Almut alitazama pete yake. Aliviona vikombe vyembamba, keki ya siagi, mikono ya yule mama ikimvua koti. Alifikiri: watu wote wana nyumba, na mimi napewa moja. Hakujua kwamba upande wa pili wa waya, Eggert alikuwa amekaza macho, akiomba kimoyomoyo asikie neno hapana.

"Sawa, mpenzi," Almut akasema. "Nitakitoa."

"Ahsante," Eggert akasema, na sauti yake ilikuwa kama ya mtu aliyefungiwa mlango.

Almut alidhani ni shukrani.

Kwa Rautenberg alisema familia imekataa ruhusa. Rautenberg alimtazama kidole chake, akaelewa, akasema, "Basi una filamu ya keki," na hakuongea naye tena wiki ile. Trude alikikata kipande kile kwenye nakala ya filamu, akakitundika msumarini.

"Nimenyonga wengi hapa, binti yangu," akasema. "Mawaziri, maaskofu. Wengi walistahili. Huyu mtoto na kigari chake, roho inakataa."

"Ni kwa ajili yake mwenyewe."

"Ndivyo wanavyosema wote wanaoshika kamba."

Kopo la biskuti na mikanda yake lilirudishwa Eimsbüttel kwa mkono wa Eggert, likawekwa tena juu ya kabati.

Filamu ilionyeshwa mwezi wa Mei, baada ya taarifa ya habari. Sebule ya Bi Wiebusch ilijaa: wazee wa ghorofa zote, wanawake wanne wa kwaya, mchinjaji wa kona na mkewe. Wote walivalia nguo za kanisani. Almut aliketi kati ya Eggert na kabati. Mama alipoonekana akitoa ulimi, sebule nzima ilipiga makofi. Mtoto mwenye krimu akachekwa. Zilifuata familia nyingine, Krismasi nyingine. Palikuwa na sare za kijeshi, palikuwa na bendera madirishani, na maneno ya Almut juu ya picha hizo yalikuwa makali kiasi, kama haradali ya mtoto.

Ikaisha. Watu wakajinyoosha.

"Imetulia," mchinjaji akasema. "Nilidhani watatusuta tena."

"Kuna watu walifanya mabaya," akasema mmoja wa kwaya, akijikatia keki, "lakini ukiangalia, watu wa kawaida walikuwa wakiishi tu."

"Mkwe wangu ana adabu," Bi Wiebusch akasema, akamshika Almut shavu. "Anajua cha kusema na cha kuacha."

Eggert aliinuka, akatoka. Almut alimkuta kwenye ngazi, amekaa kipandio cha juu, mbele ya mlango uliokuwa wa akina Elkan. Sasa uliandikwa jina lingine.

"Umechoka?" Almut akauliza.

"Umewasikia?"

"Nimewasikia."

"Imetulia. Watu wa kawaida walikuwa wakiishi tu." Alivua miwani. "Nimekaa pale nikingoja kigari kitokee. Nilijua hakimo, na nilikingoja. Kila picha ikibadilika, nilisema, pengine amenidanganya. Pengine amekiacha."

"Eggert, wewe ndiye uliyeniomba."

"Niliomba."

"Ulisema atakufa."

"Nilisema. Ningesema nini? Ni mama yangu. Mimi nisingeweza kukataa, Almut. Katika dunia nzima nilimjua mtu mmoja tu ambaye angeweza. Wewe uliyenicheka kwa ajili ya Kaisari. Nilikuomba nikitumaini utanitukana."

"Sikukutukana kwa sababu nakupenda."

"Najua. Nasi tulimpenda Gerd, nadhani. Mama alikuwa akimpa keki."

Almut alikaa kipandio cha chini yake. Kutoka sebuleni vicheko na vijiko vilisikika.

"Na ningekiacha," akasema, "leo ungeniambia nini?"

Eggert alifikiri kwa uaminifu, kama alivyofanya kila kitu. "Nisingekusamehe," akasema.

"Na sasa?"

"Sasa sina cha kukusamehe. Ulifanya nilichotaka. Hilo ndilo nisiloweza kuishi nalo."

Almut hakulia. Alikuwa mtu wa kazi, na mtu wa kazi akivunjikiwa hutafuta kurekebisha. "Itaonyeshwa tena majira ya baridi," akasema. "Nitakirudisha. Trude atakiunga asubuhi moja tu. Nitasema kwa Rautenberg nilidanganya. Waache waje tena na keki zao."

Eggert alimtazama, na kwa dakika moja uso wake ulifunguka kama siku ile ya treni.

Asubuhi yake Almut alifika chumba cha kukatia kabla ya Trude kuvua koti. Mti wa kunyongea ulikuwa mtupu. Kikapu kilikuwa kitupu pia.

"Mabaki yote yalichukuliwa baada ya Pasaka," Trude akasema. "Yanayeyushwa, binti yangu. Wanatoa madini ya fedha yaliyomo ndani ya filamu. Sasa hivi ni kijiko mezani kwa mtu." Aliitoa sigara mdomoni. "Lakini mkanda wenyewe upo kwenye kopo. Tutatoa nakala nyingine."

Almut alipiga simu shuleni. Eggert aliacha darasa, akaenda Eimsbüttel kwa miguu kwa sababu hakuweza kungoja treni. Mama yake alikuwa akiviosha vikombe vya sherehe kimoja kimoja. Dirisha la jikoni lilikuwa wazi, na harufu kali ya kitu kilichoungua ilikuwa imeshika mapazia.

"Mama, kopo liko wapi?"

"Nimeweka unga."

"Na mikanda?"

"Niliitia motoni, asubuhi hii hii. Maneno ya ngazini hufika sebuleni." Alikausha kikombe, akakiweka. "Ilitoa moshi mbaya, kumbe si karatasi. Nilitamani kuiacha ile ya ulimi, lakini zote zilikuwa pamoja. Kaa ule. Keki imebaki."

Eggert alikaa. Akala. Hakuwa na mama mwingine wa kukaa naye.

Jioni hiyo hakupiga simu. Siku iliyofuata Bi Kallmeyer alifungua mlango akamkuta amesimama na kigari kifuani, kimefungwa blanketi la jeshi. Alimwita Almut kwa sauti ndogo, kisha akaingia chumbani kwake na kwa mara ya kwanza akafunga mlango kabisa.

"Chukua wewe," Eggert akasema.

"Mimi nikifanyie nini?"

"Sijui. Mama anasema kinawasubiri wajukuu. Sitaki mtoto wangu akalie hicho, na siwezi kukichoma, mama ameichoma mikanda yote, inatosha. Tulioiona picha ile ni watatu, na mashine imezimwa. Mimi nitakuja kusahau, Almut. Nilishasahau mara moja, tena nilikuwa na kigari ukutani. Wewe si mtu wa kusahau."

"Tungeweza kukiweka pamoja. Nyumbani kwetu."

"Tukikaa tukitazamana chini yake kila siku? Utaniona mimi niliyeomba. Nitakuona wewe uliyekubali."

Almut alivua pete. Ilikataa kutoka, ikabidi ailowanishe kwa mate kama mtoto. Eggert aliipokea, akabusu kidole kilichobaki na alama, akashuka ngazi. Almut alisikia kila kipandio, kisha mlango wa chini.

Baada ya hapo Almut Siemsen alikuwa mkali. Aliandika juu ya majaji waliohukumu enzi mbili kwa kalamu moja, juu ya wanafunzi waliowarushia maprofesa nyanya, juu ya viwanda vilivyojengwa na watumwa na kupewa majina mapya, juu ya bunge, juu ya ukuta wa Berlin ulipojengwa na ulipoanguka. Alipewa tuzo. Watu walisema hakuna aliyeitazama Ujerumani ya baada ya vita bila kupepesa kama yeye, na mawaziri walimkwepa kwenye karamu. Hakuna familia iliyowahi tena kumnyima ruhusa, kwa sababu hakuomba tena.

Ile filamu ya keki ndiyo waliyoipenda kuliko zote. Ilionyeshwa kila Krismasi.

Habari za Eggert alizisikia kwa watu. Alihamia shule ya mji mdogo karibu na mpaka wa Denmark. Wanafunzi wake walisema ana kichaa kidogo: mwaka ukianza, hufungua kitabu mwisho, akaanza na Manazi, akarudi nyuma, na mara nyingi muhula huisha kabla hajawafikia Warumi. Hakuoa. Mama yake alipofariki, kabati liliuzwa, naye hakuwepo mnadani.

Siku moja ya Januari, Almut akiwa na nywele nyeupe, katika nyumba yake ya ghorofa ya pili, binti mdogo wa jirani aligonga mlango. Alivaa buti na glavu zilizounganishwa kwa uzi shingoni.

"Bibi, mama anasema una kigari. Tunaomba utuazime, wenzangu wananingoja chini."

Mlango ulikuwa wazi. Kondoo alionekana ukutani, amepakwa nta.

"Hicho hapana, mjukuu wangu."

"Tutakirudisha leo leo."

"Si changu."

"Cha nani?"

Almut alifungua mdomo. Alikuwa amewapa maneno watu wa nchi nzima, waliokufa na walio hai. Nyuma yake, dirishani, vitone vyeupe vilikuwa vikishuka kwa wingi, bila sauti, juu ya paa na magari na vichwa vya watoto.

"Mwezi wa Aprili," akasema. "Hakuna theluji."

Mtoto alimtazama yeye, akatazama dirisha, akamtazama tena yeye. Kisha, kwa adabu, kama watoto wafanyavyo mbele ya wazee waliochanganyikiwa, akavuta mlango, akashuka.